Mtihani Uwe Mizani, Usiwe Chekeche

KILA mwaka, matokeo ya mtihani wa kidato cha nne yanapotangazwa, nchi nzima husimama kwa siku moja. Mzazi huulizia daraja alilopata mwanawe. Mkuu wa shule huhesabu divisheni za kwanza upande mmoja na sifuri upande wa pili. Afisa elimu hutazama kwanza wilaya ya jirani imepata asilimia ngapi, ndipo atazame ya kwake. Kufikia jioni watu wamekwisha kugawanyika makundi mawili, wenye kupongezwa na wenye kulaumiwa. Kesho yake kazi huendelea kama kawaida, mpaka mwaka mwingine.

Katika msukosuko huo lipo swali moja lisilosikika, nalo ndilo la msingi: mizani iliyotumika ilipima nini? Mkulima wa pamba wa Shinyanga hawezi kulipuuza swali kama hilo. Afikapo kwenye kituo cha kuuzia mazao, jicho lake la kwanza liko kwenye mizani, kwa sababu anajua kwamba jasho la msimu mzima laweza kupotea kwa jiwe moja lililochezewa. Sisi tuliokabidhiwa watoto wa mkulima huyo tunawapima kwa mizani ambayo aghalabu hatuikagui, kisha tunawagawia maisha kwa uzito uliosomwa.

Hoja yetu leo ni hii. Kwa muda mrefu mtihani umefanya kazi mbili katika shule zetu: kuchekecha watoto ili wapatikane wachache wa kujaza nafasi chache, na kupima kama elimu iliyokusudiwa imemfikia mwanafunzi. Kazi hizi mbili si moja. Chekeche hutenga tu, na kilichoanguka chini hakiulizwi kimeanguka kwa nini. Mizani humwambia mwenye mali ana kiasi gani na amepungukiwa kiasi gani. Taifa linalofungua milango ya shule kwa watoto wake wote halina budi kuchagua ni ipi kati ya kazi hizo iwe ya kwanza.

Urithi wa chekeche

Wakati wa ukoloni chekeche lilikuwa na sababu iliyo wazi. Watawala walihitaji makarani na wasaidizi wachache, na shule zenyewe ziligawanywa kwa rangi za watu: za Wazungu, za Waasia na za Waafrika. Mtoto wa Kiafrika aliyebahatika kuingia shule alikutana na mchujo darasa la nne, akakutana na mwingine darasa la nane, na wachache mno waliofika mwisho wa sekondari waliandika mtihani uliotungwa Cambridge, Uingereza, na majibu yao yakapelekwa huko huko kusahihishwa. Mtihani wa namna hiyo ulipima ni nani amefanana zaidi na mtu aliyeutunga.

Uhuru haukuliondoa chekeche kwa siku moja. Mwaka 1967, wiki chache baada ya Azimio la Arusha, Mwalimu Julius Nyerere alieleza katika Elimu ya Kujitegemea kwamba ni asilimia 13 tu ya watoto wa shule za msingi ambao wangepata nafasi ya sekondari, na huku mafunzo yote ya shule ya msingi yalielekezwa kuwatayarisha kwa safari hiyo ya wachache. Aliukosoa mtihani waziwazi. Ulipima uwezo wa kukariri mambo na kuyatoa kwa muda uliowekwa, lakini haukufaulu siku zote kupima uwezo wa kufikiri, sembuse tabia ya mtu na moyo wake wa kuwatumikia wenzake. Akataka mtihani ushushwe kutoka kwenye kiti cha enzi uliokalia machoni mwa Serikali na wananchi.

Hatua zilifuata. Mwaka 1971 Tanzania ilijitoa katika Baraza la Mitihani la Afrika Mashariki, na mwaka 1973 sheria ya Bunge ikaunda Baraza la Mitihani la Tanzania. Mwaka 1974, Azimio la Musoma likasisitiza kwamba mwanafunzi asihukumiwe kwa karatasi ya saa tatu peke yake. Kazi zake za kila siku darasani, bidii yake katika kazi za mikono na mwenendo wake navyo vihesabiwe. Tangu hapo uwiano kati ya alama za kazi ya darasani na alama za mtihani wa mwisho umebadilishwa mara kadhaa, lakini shabaha ya Musoma haijafutwa: anayemjua mwanafunzi kuliko wote ni mwalimu anayekaa naye mwaka mzima.

Hatuna budi kuwa wakweli juu ya historia hii. Kupima mwenendo kulileta matatizo yake, maana tabia ya kijana ilipimwa kwa macho ya mtu mmoja, na macho ya mtu mmoja yaweza kuwa na upendeleo au chuki. Somo tulilolipata ni kwamba nia njema haitoshi. Kipimo kizuri kinahitaji utaratibu unaomzuia hata mpimaji mwenyewe asijipendelee.

Karatasi zilezile, matokeo mawili

Kama yupo anayedhani kwamba alama ni kitu kinachotoka ndani ya kichwa cha mtoto moja kwa moja, na aukumbuke mtihani wa kidato cha nne wa mwaka 2012. Matokeo yalipotangazwa Februari 2013, zaidi ya vijana 240,000 kati ya takriban 397,000 waliofanya mtihani walikuwa wamepata sifuri. Hao ni watu sita katika kila kumi. Nchi ilitaharuki. Waziri Mkuu Mizengo Pinda akaunda tume kuchunguza chanzo chake, na mwezi wa Mei mwaka huo huo Serikali ikayafuta matokeo yale na kuagiza alama zipangwe upya kwa utaratibu uliokuwa ukitumika awali. Kabla ya mwezi kwisha matokeo mapya yakatoka, na maelfu ya vijana waliokuwa wamefeli wakawa wamefaulu.

Tulitafakari jambo hili kwa utulivu. Kati ya Februari na Mei hakuna mwanafunzi aliyejifunza kitu kipya kwa ajili ya mtihani ule. Karatasi za majibu zilikuwa zilezile, mwandiko ule ule, makosa yale yale. Kilichobadilika ni utaratibu wa kugeuza alama kuwa madaraja. Baadaye, kwa mtihani wa mwaka 2014, tukaingia katika mfumo wa wastani wa pointi uliojulikana kama GPA, na mwanzoni mwa mwaka 2016 tukaagizwa kurudi kwenye divisheni. Mwajiri aliyeweka mezani vyeti vya vijana watatu waliopishana mwaka mmoja mmoja alihitaji mkalimani.

Hatusemi kwamba utaratibu wa kupanga madaraja usibadilike kamwe. Mtihani wa mwaka mmoja unaweza kuwa mgumu kuliko wa mwaka mwingine, na wataalamu wana wajibu wa kusawazisha. Tunasema kwamba kanuni ya mizani ijulikane kabla ya mavuno, isitafutwe baada ya mkulima kufika na mzigo wake kichwani. Mwanafunzi anayeanza kidato cha tatu anastahili kujua atapimwa kwa kanuni gani mwisho wa kidato cha nne, na mwalimu wake anastahili kujua mapema zaidi.

Tunapima nini hasa?

Kosa la pili ni kupima kitu kimoja na kukiita kingine. Mtoto wetu husoma shule ya msingi ya Serikali kwa Kiswahili, kisha anaingia kidato cha kwanza na kukuta biolojia, jiografia na historia zote zimevaa Kiingereza. Anapoulizwa kwa Kiingereza jinsi mmea unavyojitengenezea chakula na akashindwa kujibu, karatasi haituelezi kama hajui habari ya mmea au hajui maneno ya kuieleza. Mjadala wa lugha ya kufundishia una uwanja wake, nasi hatuuanzishi hapa. Lakini kila mtunga maswali ajue kwamba sentensi yake ndefu yenye maneno magumu inaweza kumwangusha kijana anayelijua somo lenyewe barabara. Ikiwa hivyo ndivyo, alama iliyoandikwa kwenye safu ya biolojia ni alama ya lugha.

Yako pia maswali ya kuchagua jibu. Mwaka 2012 karatasi za darasa la saba zilianza kusahihishwa kwa mashine, na hata hisabati ikawa ya kuchagua jibu. Njia hii ina manufaa yake: husahihishwa upesi, na mashine haina ndugu wala jamaa. Lakini chukua karatasi yenye maswali 40, kila swali likiwa na majibu matano ya kuchagua. Mtoto asiyeweza kusoma hata neno moja, akitia alama kwa kubahatisha tu, kwa wastani atapata maswali manane. Mwenye bahati atazidi hapo. Tena karatasi haitatuonyesha njia aliyopita aliyepata wala mahali alipopotea aliyekosa. Ni jambo jema kwamba baadaye yalirudishwa maswali kadhaa ya kuandika jibu kwa mkono.

Hatari ya kipimo kisichoona tuliishuhudia mwaka ule ule wa 2012, wakati Serikali ilipoeleza hadharani kwamba zaidi ya wanafunzi 5,000 walioingia kidato cha kwanza walibainika kuwa hawajui kusoma na kuandika. Watoto hao walikuwa wamekaa shuleni miaka saba. Walikuwa wamefanya mtihani wa taifa, nao ukawaita waliofaulu. Iwe kwa udanganyifu, iwe kwa kubahatisha, mizani iliwapita bila kutikisika. Mkazo wa kusoma, kuandika na kuhesabu uliorejeshwa katika mtaala wa darasa la kwanza na la pili mwaka 2015 ulikuwa jibu linalostahili, lakini tusisahau kwamba tulilitafuta baada ya aibu.

Kupanga shule kwa rangi

Mwaka 2013 ulianzishwa mpango wa Matokeo Makubwa Sasa. Miongoni mwa mambo yake, shule zilipangwa kwa ufaulu na kupewa rangi: kijani, njano na nyekundu. Nia ilikuwa kuwaamsha waliolala. Utafiti uliofanywa baadaye juu ya shule za msingi ulionyesha mambo mawili yaliyokwenda pamoja. Shule zilizokuwa mkiani katika wilaya zao zilipandisha ufaulu. Na shule hizo hizo zikawa na watoto wachache zaidi katika darasa la saba.

Kila mwalimu anayesoma safu hii anajua tafsiri ya jambo hilo. Njia ya haraka ya kupandisha asilimia ya waliofaulu ni kuwapunguza wanaotazamiwa kufeli. Mtoto mzito hushauriwa arudie darasa. Mwingine huambiwa kwa upole kwamba kazi ya nyumbani ingemfaa zaidi. Katika baadhi ya shule za kulipia, kijana asiyefikia wastani uliowekwa na shule huondolewa kabla ya mtihani wa taifa, ili jina la shule libaki safi. Kwa hesabu ya karatasini shule imepanda. Kwa hesabu ya taifa mtoto mmoja amepotea, na hakuna safu ya kumwandika.

Kwa sababu hiyo tuliuona uamuzi wa Baraza la Mitihani wa Januari 2023, wa kuacha kutangaza shule bora na wanafunzi bora, kuwa ni wa busara. Wapo waliolalamika kwamba tunaua ari ya mashindano. Sisi tunauliza: shule iliyochagua watoto waliokwisha kufaulu, ikawalipisha ada kubwa, ikawalaza bwenini na kuwapa kila kitabu, inashindana na nani? Na shule ya kata yenye mwalimu mmoja wa hisabati, ambayo imempokea mtoto aliyekuwa hawezi kugawanya akamtoa akiweza kukokotoa riba, nani aliipigia makofi?

Daftari la mwalimu

Sasa tuseme na walimu wenyewe, kwa heshima na kwa ukweli. Tunapodai kazi ya kila siku ya mwanafunzi ithaminiwe, tunadai mwalimu aaminiwe. Lakini uaminifu hutunzwa. Si siri kwamba zipo shule ambazo alama za maendeleo hujazwa usiku mmoja kabla ya tarehe ya mwisho, kwa kalamu moja na kwa mkono mmoja. Si siri kwamba yapo madaftari ambayo darasa zima limepata zaidi ya asilimia 80, na mtihani wa mwisho ukalikuta darasa hilo hilo chini ya 30. Mwalimu anayefanya hivyo hudhani amewasaidia watoto wa watu. Wahenga walikwisha kusema: mchelea mwana kulia hulia yeye. Alama ya huruma humnyima mtoto habari aliyoihitaji kuliko zote, yaani mahali alipopungukiwa, wakati bado upo muda wa kumsaidia.

Hapa pana jambo ambalo wapinzani wa mitihani hawalisemi. Mtihani wa taifa, pamoja na kasoro zake zote, una sifa moja kubwa: karatasi ina namba, haina jina. Msahihishaji hajui kama aliyeandika ni mtoto wa mkurugenzi au wa mvuvi wa Mafia. Tukiiondoa kinga hiyo na kuacha kila kitu mikononi mwa alama za shuleni zisizokaguliwa, atakayeumia kwanza ni mtoto wa mnyonge asiye na wa kumsemea. Kwa hiyo hatutaki mtihani ufutwe, na hatutaki alama za mwalimu zidharauliwe. Tunataka kimoja kimkague mwenzake.

Yanayotupasa

Wakati wa kufanya hivyo ni huu. Tangu Januari 2016 elimu ya shule za Serikali hadi kidato cha nne imetolewa bila ada. Shule za sekondari zimejengwa katika kata kote nchini. Sera ya Elimu na Mafunzo ya mwaka 2014, katika Toleo lake la 2023, imeweka elimu ya lazima ya miaka kumi, sita ya msingi na minne ya sekondari ya chini, na kufungua mkondo wa amali pembeni ya ule wa jumla. Kati ya shule ya msingi na kidato cha nne, basi, chekeche halina tena kazi. Ikiwa kila mtoto atapita mlangoni, hakuna haja ya kumchuja. Iliyobaki ni haja ya kujua anapita akiwa na nini. Na huyo wa mkondo wa amali, anayejifunza useremala au ushonaji, atapimwaje kwa karatasi peke yake? Kiti alichokitengeneza kikalike, ndipo tumpe alama.

Tunapendekeza mambo manne. Kwanza, watunga maswali wapunguze yale ya kutaja na kuorodhesha. Badala ya kumtaka mwanafunzi ataje aina za mmomonyoko wa udongo, waelezee mteremko wenye makorongo na shamba la mahindi chini yake, kisha wamwulize angeanza na hatua gani na kwa nini. Mwalimu hufundisha kile kitakachoulizwa. Tukibadilisha swali, tumebadilisha somo.

Pili, alama za kazi za kila siku zikaguliwe kwa haki. Walimu wa shule jirani wabadilishane madaftari na kusahihishiana sehemu ya kazi. Wathibiti ubora wa shule, wafikapo, waombe kuona kazi yenyewe ya mwanafunzi, wasiridhike na jedwali. Mwalimu mwenye darasa la watoto 100 apewe muda na msaada wa kufanya kazi hiyo, maana kumdai tathmini ya kila mtoto bila kumpunguzia mzigo ni kumfundisha kudanganya.

Tatu, Baraza la Mitihani huandaa taarifa za uchambuzi wa majibu ya watahiniwa kwa kila somo, zinazoonyesha swali lipi liliwashinda wengi na walikosea wapi. Hazina hiyo isiishie makabatini mwa halmashauri. Isomwe katika kila chumba cha walimu, ukurasa kwa ukurasa, kabla muhula haujashika kasi.

Nne, na hili ni la watumishi wenzetu wa ofisini: tuache kumsifu au kumhamisha mkuu wa shule kwa asilimia ya ufaulu peke yake. Tumwulize walioanza naye walikuwa wangapi, waliomaliza ni wangapi, na waliopungua wako wapi. Swali hilo moja, likiulizwa kila mwaka katika kila wilaya, litawarudisha darasani watoto wengi kuliko hotuba nyingi.

Haya hayahitaji wataalamu wa kigeni, ingawa yatahitaji fedha na zaidi ya fedha yatahitaji uaminifu. Mkulima wa pamba hachukii mizani; huchukia mizani ya uongo. Mtoto wake naye hataichukia siku ya mtihani ikiwa anajua kwamba kinachopimwa ni kile alichofundishwa, kwa kanuni aliyoelezwa mapema, na kwamba akikutwa amepungua atarudishiwa kilichopungua badala ya kutupwa nje ya lango. Kazi ya kuirekebisha mizani hiyo imo mikononi mwetu, na watoto wamekwisha kupanga foleni.